"Uncomely": neno la Kiingereza linalohukumu bila kumtaja hakimu

Mtu anaweza kusoma magazeti na riwaya za Kiingereza za siku hizi kwa muda mrefu asikutane hata mara moja na neno "uncomely". Likimtokea, huwa ama katika maandishi ya kale, ama chini ya kalamu ya mwandishi anayependa kuonyesha kwamba amesoma, naye hulipita upesi akidhani kwamba ni namna ya kistaarabu ya kusema kuwa fulani ana sura mbaya. Kamusi zinamuunga mkono, kwa kuwa nyingi hutanguliza maana ya kutopendeza machoni, kisha zikaongeza, kama jambo la kando, maana ya kutofaa au kukosa staha. Kwa maoni yangu mpangilio huo unapotosha. Maana inayowekwa nyuma ndiyo iliyolibeba neno hili katika maandishi yake mashuhuri zaidi, na ndiyo inayostahili kuendelea kutumika. Ile ya sura, inayotangulizwa, ni hukumu ya mtu juu ya mwili wa mwenzake iliyovishwa joho la adabu.

Neno lenyewe limejengwa kwa kukanusha "comely", linalomaanisha -enye kupendeza, na asili ya "comely" ina vituko vyake. Katika Kiingereza cha Kale lilikuwepo neno "cymlic", lililotaja kitu kizuri, kilichoundwa kwa ustadi, nalo lilitokana na "cyme", yaani -ororo, -a thamani, -a kuvutia kwa wepesi wake. Shina hilo lina undugu na neno la Kijerumani "kaum", ambalo maana yake ni "kwa shida", kwa sababu wazo la mwanzo lilikuwa la udhaifu na wembamba. Uzuri uliotajwa hapo ulikuwa basi wa kitu laini, kitu ambacho usipokishika kwa uangalifu kinaweza kuvunjika. Baadaye, katika Kiingereza cha Enzi za Kati, matamshi yakabadilika, na wataalamu wa asili ya maneno hueleza mabadiliko hayo kwa kusema kwamba huenda wasemaji walianza kulihusisha neno hili na kitenzi "come", yaani kuja, na jamaa yake "becoming", linalomaanisha -enye kumfaa na kumstahili mtu. Ikiwa ndivyo, basi ni sikio la wasemaji lililolisukuma neno kutoka katika ulaini wa kitu hadi katika kufaa kwake.

Hata kiambishi cha mwisho kina habari yake. Silabi hiyo ya "-ly" katika sifa za aina hii hutokana na neno la kale lililomaanisha mwili au umbo, ndiyo maana inapatikana katika "lovely", "homely", na hata katika "ugly" lililotoka lugha ya Wanorse, watu wa kale wa Skandinavia. Kwa hiyo mwili umo ndani ya neno tangu mwanzo. Ila mwili huo haukuwa lazima uso wa mtu.

Ushahidi mkubwa wa matumizi ya neno hili umo katika tafsiri ya Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611, iliyofanywa kwa amri ya Mfalme James. Katika Zaburi ya 33, aya ya kwanza, tafsiri hiyo inasema kwamba sifa ni "comely" kwa wanyofu. Hakuna anayeweza kufikiri kwamba sifa ina pua au macho. Maana ni kwamba kusifu kunawafaa, na Biblia ya Kiswahili ya Union imeliona hilo vizuri iliposema kwamba kusifu kunawapasa. Katika Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, sura ya 11, Paulo anauliza kama ni "comely" mwanamke asali bila kufunika kichwa, na hapo pia swali ni la kupasa na kutopasa. Katika sura ya 7 ya waraka huohuo neno la kukanusha linatumika kama kielezi: mtu akiona kwamba anamtendea "uncomely" mwanamwali wake. Sura ya mwanamwali haizungumzwi kabisa. Kinachopimwa ni mwenendo wa mwanamume.

Aya iliyolihifadhi neno hili kuliko zote ni ya sura ya 12, ambamo Paulo anafananisha waumini na viungo vya mwili mmoja. Anasema kwamba viungo vyetu vilivyo "uncomely" ndivyo vinavyopewa uzuri zaidi. Wasomaji wengi wa leo hudhani kwamba anazungumzia viungo vya kuchukiza, kama kwamba kuna sehemu za mwili zilizoumbwa vibaya. Anazungumzia sehemu za siri. Sehemu hizo si mbaya kwa sura, na wala Paulo hasemi hivyo. Anasema kwamba hazionyeshwi, na kwa sababu hazionyeshwi ndiyo maana hupewa mavazi na staha ambayo mkono na uso havihitaji. Neno la Kigiriki alilolitumia, "aschemon", limeundwa kwa kukanusha "schema", yaani umbo au namna ya kujionyesha mbele ya watu. Kitenzi kilichotokana nalo kinarudi katika sura ya 13, pale anapousifu upendo, na Biblia ya Union imekifasiri kwa kusema kwamba upendo haukosi kuwa na adabu. Mtu akiziweka sura hizi tatu pamoja anaona wazi kwamba wafasiri wa 1611 hawakuwa na shaka: "uncomely" ilikuwa sifa ya tendo la kuonyesha au kutenda, si ya kiungo chenyewe. Tafsiri ya Marekani iliyotoa Agano Jipya lake mwaka 1946 ilipoliondoa neno hilo katika sura ya 12, ililiweka badala yake "unpresentable", yaani kisichofaa kuonyeshwa, na kwa kufanya hivyo ikaihifadhi maana ambayo wasomaji walikuwa wamekwisha kuipoteza.

Mtetezi wa maana ya sura ana aya mbili za kunijibu nazo, na ni haki azitoe. Ya kwanza ni ya Isaya, sura ya 53, ambamo inasemwa juu ya mtumishi wa Bwana kwamba hana umbo wala "comeliness", na kwamba hana uzuri hata tumtamani. Hapa kweli tunazungumzia mwonekano. Lakini neno la Kiebrania lililo nyuma yake, "hadar", ni la fahari na adhama, lile linalotumika kwa utukufu wa wafalme. Mtumishi huyo anakosa haiba ya mtu mkubwa, na watu waliotarajia mfalme hawaoni cha kuwafanya wainame. Uso wake ungeweza kuwa wowote.

Aya ya pili ni tajiri zaidi. Katika Wimbo Ulio Bora, sura ya kwanza, mwanamke anasema, kwa Kiingereza cha 1611, kwamba yeye ni mweusi, lakini ni "comely". Kiebrania kinatumia "navah", na jambo la kushangaza ni kwamba neno hilohilo ndilo linalotumika katika Zaburi ya 33 kwa sifa inayowapasa wanyofu. Lugha ile haikuona haja ya maneno mawili: kinachopendeza na kinachofaa vilikuwa kitu kimoja. Tatizo la aya hii ni kiunganishi kilicho kabla ya sifa hiyo. Kiebrania kina herufi moja tu, inayoweza kusomwa "na" au "lakini". Wafasiri wa Kigiriki wa kale walichagua "na". Tafsiri ya Kilatini iliyotawala Ulaya Magharibi ikachagua "lakini", na wafasiri wa 1611 wakafuata njia hiyohiyo. Kwa kiunganishi hicho kimoja mwanamke aliyekuwa akijisifu kwa mambo mawili akageuzwa mtu anayejitetea, kana kwamba weusi ni "uncomely" mpaka uthibitishwe vinginevyo. Tafsiri moja ya Kiingereza ya mwaka 1989 ilirudisha "na", ikasema mweusi na mzuri. Neno "uncomely" halimo katika aya hiyo, lakini hukumu yake ilikuwa imepenyezwa kwa karne nyingi kupitia kiunganishi tu, na sidhani kuna mfano bora wa namna kanuni ya kufaa inavyoweza kubandikwa juu ya rangi ya ngozi bila mtu yeyote kutamka tusi.

Shakespeare naye yuko upande wangu, tena kwa namna ya kuchekesha. Katika tamthilia yake ya wake wa Windsor, iliyochapwa kwa mara ya kwanza mwaka 1602, bibi mmoja aliyeolewa amepokea barua ya mapenzi kutoka kwa Falstaff, mzee mnene na mlevi. Kwa hasira anasema kwamba kuanzia sasa atawadharau wanaume wanene, kisha papo hapo anastaajabu kwamba mtu huyu hakuwa akiapa, alisifu staha ya wanawake, na alikemea kwa utaratibu kila aina ya "uncomeliness". Katika sentensi moja mwili wa Falstaff unadhihakiwa waziwazi, na bado nomino hii haikutumwa kuutaja ubaya wa mwili huo. Imetumwa kutaja utovu wa adabu ambao mnafiki huyo alijidai kuuchukia. Mwandishi wa leo angepanga maneno kinyume, na pengine mhariri asingeona tofauti.

Ili kuona kwa nini neno lilihama, inafaa kulilinganisha na majirani zake. "Ugly", neno la kawaida la ubaya wa sura, lilitoka kwa Wanorse na maana yake ya mwanzo ilikuwa -a kutisha. "Hideous", lililopitia Kifaransa, nalo lilizaliwa katika hofu. Haya ni maneno yanayotaja kinachompata anayetazama: anaogopa, anashtuka, anarudi nyuma. Ukali wake uko wazi, na kwa hiyo mwenye kuyasema anaonekana. "Uncomely" hufanya kazi kwa njia nyingine. Halimtaji anayetazama wala halisemi amepatwa na nini. Linatangaza tu kwamba kuna kipimo na kwamba kitu fulani hakikukifikia. Mwanaisimu wa Denmark, Otto Jespersen, aliandika mwaka 1917 kwamba viambishi vya kukanusha vya Kiingereza huelekea kubandikwa kwenye sifa njema, zikazaa sifa mbaya, na mara chache sana huwa kinyume chake. Ndiyo maana Kiingereza kina neno la asiye mzuri lakini hakina neno la kawaida la "asiye-mbaya" lililoundwa kwa kiambishi hicho. Uzuri unachukuliwa kuwa hali ya kawaida ya mambo, na aliye nje yake anapewa jina kwa kile anachokikosa.

Maana ya mwenendo iliponyang'anywa neno hili, nadhani ilinyang'anywa na ndugu zake wawili waliokuwa wepesi zaidi kueleweka, "unseemly" na "unbecoming". Hilo la pili limepata hata kiti katika sheria: kifungu cha 133 cha sheria ya kijeshi ya Marekani kinaadhibu mwenendo usiomstahili ofisa, na neno linalotumika ni "unbecoming". Upande wa sura nao ulichukuliwa na "plain" na "homely". "Uncomely" likabaki bila kazi upande wowote, na neno lisilo na kazi huokotwa na wanaotaka pambo.

"Homely" linastahili kusimamishwa kidogo, kwa kuwa linaonyesha hatari ya maneno ya adabu. Kwa Waingereza leo, mahali penye sifa hiyo ni mahali pa starehe na utulivu wa nyumbani. Kwa Wamarekani, mtu anayeitwa hivyo ameambiwa kwamba sura yake haivutii. Katika matangazo ya kutafuta wachumba nchini India, sifa hiyohiyo humsifu mwanamke kwamba anajua na anapenda mambo ya nyumba. Maana ya Kimarekani si uvumbuzi wa Marekani. Ilikuwepo Uingereza tangu Enzi za Kati, na Milton, mshairi wa Kiingereza, katika mchezo wake ulioigizwa mwaka 1634, alimweka mwovu wake amwambie binti aliyemteka kwamba nyuso za namna hiyo zikae nyumbani, maana jina lao limetoka huko. Mzaha huo umewekwa kinywani mwa mshawishi anayetaka kumpotosha binti, na hapo ndipo mahali pake panapostahili.

Mambo yanakuwa mazito zaidi neno la aina hii linapopewa namba. Mwaka 1994 wanauchumi Daniel Hamermesh na Jeff Biddle walichapisha uchunguzi juu ya uhusiano wa sura na mshahara, wakitumia takwimu za Marekani na Kanada ambamo wahojaji walikuwa wameombwa kuikadiria sura ya kila waliyemhoji. Kipimo kilikuwa na ngazi tano, na ngazi ya chini kabisa iliitwa "homely". Waligundua kwamba waliowekwa katika ngazi za chini walilipwa pungufu kwa asilimia 5 hadi 10 kuliko wenye sura ya wastani. Uchunguzi huo ni wa manufaa na siutilii shaka nia yake. Ninachokitaja ni kwamba jicho la mhojaji, akiwa mlangoni na karatasi yake, liligeuzwa kuwa sifa ya aliyetazamwa, na neno lililofanya kazi hiyo lilichaguliwa kwa sababu ni laini. Mpimaji hakuombwa aandike kwamba yeye hakuvutiwa. Aliombwa aandike kwamba mtu huyo hana mvuto.

Mamlaka nazo zilikwisha kuipata njia hiyo mapema. San Francisco ilitunga sheria mwaka 1867, na Chicago ikafuata mwaka 1881, iliyomkataza mtu mwenye maradhi, kilema au umbo lililoharibika, kiasi cha kuwa kitu kisichopendeza kutazamwa au cha kuchukiza, kujionyesha katika njia za umma. Neno lililobeba mzigo wa sheria ya Chicago lilikuwa "unsightly", ndugu wa karibu wa neno letu kwa muundo na kwa tabia. Wanasheria walioipa aina hiyo ya amri jina la sheria za ubaya wa sura walifanya hivyo katika miaka ya 1970, wakati Chicago imeifuta yake mwaka 1974 tu. Soma lugha ya amri hiyo na utaona kwamba haina tusi la mtaani hata moja. Imeandikwa kwa ukanushaji wa heshima, na kwa ukanushaji huo watu maskini wenye ulemavu waliambiwa kwamba kuonekana kwao ni kosa. Maana mbili za "uncomely", ya mwili usiopendeza na ya tendo lisilofaa, zilikutana hapo na kuwa kitu kimoja: kuwa na mwili fulani hadharani kukawa utovu wa adabu.

Msomaji wa Kiswahili hapaswi kulitazama jambo hili kama ugonjwa wa wengine. Sisi wenyewe tunasema sura mbaya na tabia mbaya kwa neno moja, na uzuri wetu ni wa uso na wa moyo pia, kama ilivyokuwa kwa Wagiriki wa kale ambao neno lao la ubaya wa sura lilikuwa pia neno la aibu. Ndiyo sababu wahenga walilazimika kutunga uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti; wasingehitaji kututenganishia mambo ambayo lugha ilikuwa imeyatenganisha tayari. Tofauti ni kwamba "mbaya" yetu, kama "ugly" ya Kiingereza, haijifichi. Anayemwambia mwenzake ana sura mbaya anajua amemtukana, na aliyetukanwa anajua aliyemtukana ni nani.

Kwa hiyo nikiulizwa na anayeandika Kiingereza leo kama alitumie neno hili, jibu langu hutegemea nomino inayolifuata. Kwa tendo, usemi, ugomvi wa hadharani au pupa ya madaraka, "uncomely" bado ni neno zuri, lenye uzito wa kale na lisilo na uchovu wa "unbecoming", ingawa matumizi yake kama kielezi, yale ya 1611, yatamkwaza msomaji na ni bora kuyaacha. Kwa jengo au mpangilio wa ukurasa linaweza kupita, mradi mwandishi akumbuke kwamba analaumu kutofaa kwa kitu mahali kilipo. Kwa uso wa mtu silipendekezi kamwe. Mwandishi ambaye hakuvutiwa na uso huo aseme kwamba hakuvutiwa, kwa nafsi ya kwanza.

Anayefasiri kwenda Kiswahili ana kazi ngumu kidogo, kwa sababu kishawishi cha kuandika "-baya" kiko karibu sana. Akilikuta neno katika maandishi ya karne ya 16 au ya 17, na atafute kwanza ni nini kinachotendwa au kinachoonyeshwa katika sentensi hiyo, na mara nyingi atajikuta akihitaji "-siofaa", "-sio na staha" au "kinyume cha adabu". Akilikuta katika maandishi ya baadaye, likimwelezea mtu, atazame nani anayezungumza. Mara nyingi atagundua kwamba ni mhusika mwenye cheo anayemtazama asiye nacho, na katika mazingira hayo "hakumpendeza" itakuwa tafsiri ya kweli kuliko "hakuwa mzuri", kwa kuwa kitenzi hicho kinamrudisha ndani ya sentensi yule aliyekuwa akitazama.